Maswali ya Kugawa

Damaris Nyanchera alipokuwa mtangazaji mjini Kisii, wakubwa walimkwepa. Alikuwa na ulimi yule! Angemwuliza kiongozi swali moja tu, jamaa akatoka jasho, na huko vijijini watu wakacheka hadi chai ikapoa. Kisha redio ikafungwa, na mtu lazima ale.

Manasseh Ogoti, mwenyekiti wa ushirika wa wakulima wa chai kule Ikonge, akamwajiri amjengee jina. Nyanchera akalijenga kwa ustadi. Kabla ya kila mkutano aliwapitia wakulima kadhaa, akamnong'oneza kila mmoja swali la kuuliza. Majibu mwenyekiti alikuwa nayo tayari, ameandikiwa na Nyanchera huyo huyo. Video zikasambaa, Ogoti akasifiwa kuwa kiongozi anayesikiliza watu. Kusikiliza gani huko, jamani!

Mwaka huu lori la ushirika la kubeba majani ya chai likaacha kufika kwenye kituo alikouzia babake Nyanchera. Mzee Nyamweya alichuma, akasubiri, majani yakaharibikia guniani, akayamwaga chini ya migomba.

"Nyanchera, wewe si ulikuwa unauliza?" alimwambia bintiye. "Basi utuulizie."

"Nitauliza, Tata."

Alijua atafutwa kazi, na alikubali. Siku ya mkutano alisimama mbele ya umati, akauliza kwa hasira. "Mwenyekiti, lori letu liko wapi? Nani ameliondoa?"

Watu wakapiga makofi, yale yale ya kila mkutano. Ogoti alishtuka kidogo, kisha akatabasamu.

"Asante binti yangu, swali zuri. Ushirika ni wenu, na mali ni yenu. Tunalishughulikia."

Yalikuwa maneno ya Nyanchera, aliyoyaandika zamani kwa ajili ya jambo jingine kabisa.

"Hujajibu!" alipaza sauti. Umati ukaangua kicheko. Walidhani hata hilo limepangwa.

Hakufutwa kazi. Ogoti alimpongeza, maana video hiyo ilipendwa kuliko zote.

Siku ile mkutano ulipokwisha, alikuwa amemkuta babake langoni, gunia tupu begani. Alitaka kumwapia kwamba safari hii aliuliza kwa moyo wake wote, lakini mzee alimtangulia.

"Umeuliza vizuri," alisema bila kumtazama. "Na lile jibu, ni wewe ulimwandikia?"