Aliyebebwa Njiani

Vahwere alikuwa na miaka saba familia yao ilipokimbia vita vya Bunia kwa miguu, na kwa zaidi ya miaka ishirini hakumsamehe mdogo wake safari ile. Alikumbuka vizuri: Bernadette, wa miaka mitano, amefungwa kwa kitenge mgongoni mwa mama, yeye nyuma, peku, akifuata visigino vya watu hadi Komanda.

Walirudi Bunia, wakakua. Vahwere akawa fundi wa kushona katika mtaa wa Shari, akabaki na mama, akamwogesha alipopooza. Bernadette aliolewa Butembo. Kila alipopiga simu uso wa mama ulichanua.

"Kipenzi chako huyo," Vahwere alikuwa akisema, akimwekea mama simu sikioni kwa nguvu kidogo.

Mama alipofariki, Bernadette alikuja matangani. Siku ya tatu, wakigawana vitenge vya marehemu, Vahwere alishindwa kujizuia.

"Beba yote! Si ni weye mama alibeba?"

Bernadette alimshangaa dada yake mkubwa. "Miye? Yaya, mama alibeba weye! Miye nilitembea mpaka miguu ikatoka damu. Nimekuonea wivu mpaka leo."

"Unadanganya!"

Mama mdogo Musoki, mdogo wa marehemu, aliweka chini sahani yake ya mboga ya sombe.

"Mama yenu hakubeba mutu. Mukono yake ilikuwa imevunjika, hata bidoni ya maji ilimushinda. Ni miye nilibeba ninyi, leo huyu, kesho huyu. Na hakuna mwenye aliniambia aksanti."

Vahwere alijaribu kuuona tena mgongo ule. Kitenge kilikuwepo, na kichwa cha Bernadette kikiyumba. Lakini aliyebeba hakugeuka. Uso wa mama aliuweka yeye mwenyewe pale, miaka ilivyokwenda.

Bernadette alianza kulia. Wote wawili walipiga magoti mbele ya Musoki, wakamwomba radhi, na aibu ilimchoma Vahwere hadi masikioni. Hata hivyo, alipoinuka, swali lilimponyoka.

"Mama mudogo, ulibeba nani wa kwanza?"

Musoki aliivuta sahani yake.

"Mwenye alikuwa analia sana."

"Ni miye," walisema dada wote wawili kwa pamoja.