Kamera Isiyoona Njano

Utotoni niliamini kabisa kwamba kamera ya wageni haioni rangi ya njano. Walikuwa wametengeneza filamu ya historia ya kuteleza juu ya mawimbi ya mto Nile, nasi mtaa mzima wa Masese tukajazana kwenye kibanda cha video kumwona dada yangu. Yeye alipanda mawimbi marefu kuliko kanisa, amelalia jerikeni la njano la kuchotea maji, kabla mgeni yeyote hajaleta ubao wa kutelezea. Filamu ikasema wa kwanza kuyapanda ni wao wageni. Dada hakuonekana hata kisigino.

“Ni ile njano, bwana,” mwenye kibanda akatueleza.

Leo hapa Mbale jerikeni langu limenuka plastiki iliyochomwa na jua, nikakumbuka lile la dada, hasira ikanipanda. Nikampigia dada simu, nikamuuliza kama kweli kamera haikuiona njano yake.

“Kamera iliniona,” akasema. “Waliniambia nitoke majini, naharibu picha yao.”