Kura Moja ya Mheshimiwa Twaha

Msimamizi aliposoma matokeo ya kura za maoni, Mheshimiwa Twaha Mwinyigogo alicheka. Alidhani jamaa kakosea kusoma. "Hebu rudia, bwana," akamwambia, na msimamizi, jasho likimtoka, akarudia: Twaha Mwinyigogo, kura moja.

Moja! Mbunge wa vipindi vitano, kwenye tawi lake la chama, mtaani kwake alikozaliwa, hapa hapa Msimbazi, anapata kura moja. Na hiyo moja aliijua vizuri, kwa sababu aliipiga mwenyewe. Lakini kilichomkausha mate si hicho. Safu ya pili, katikati ya wajumbe, alikuwa amekaa mke wake Fatuma, mjumbe halali wa tawi hilo, kajitanda khanga na anatazama sakafu. Kwa hiyo hata Fatuma!

Sasa wapo watakaosema alikuwa mla rushwa, au alikwenda bungeni kusinzia. Waongo hao, tumpe haki yake. Baba yake alikuwa kuli bandarini, na yeye alianza maisha kwa kupanga kandambili chini pale Kariakoo, huku akikimbizana na mgambo. Siasa aliiingia kupitia kaburini, kama utani lakini ndiyo kweli. Mzee mmoja jirani alifariki wakati wa mvua kubwa, kaburi likajaa maji, wanaume wazima wakabaki wanatazamana. Twaha akavua viatu, akashuka shimoni, akapokea maiti huku tope limemfika magotini. Wiki nzima mtaa ulimzungumzia yeye kuliko marehemu. Haukupita muda akawa mwenyekiti wa mtaa, kisha diwani, kisha mbunge.

Tangu hapo hakukosa msiba. Akiwa Dodoma bungeni, akisikia tu kuna mtu kafariki jimboni, anaomba ruhusa na kuondoka. Ndani ya gari lake ilining'inia kanzu nyeupe iliyopigwa pasi, na pembeni yake suti nyeusi kwa ajili ya wafanyabiashara Wachaga wa Kariakoo, ambao alisimama nao kwenye misa za kuaga kabla hawajasafirisha jeneza kwenda Kilimanjaro. Na akishika kipaza sauti, basi! Hata waliokuwa hawapatani na marehemu walitoa leso. Wapinzani wake walichoka, maana utamshindaje mtu aliyemzika baba yako? Leo kashindwa na Benedict, kijana wa duka la simu ambaye hata kuhutubia hajui.

Alipotoka nje wajumbe walimpisha njia, kila mmoja kajifanya ana shughuli na simu yake. Aliyebaki amesimama ni Severa, muuza vitenge wa jumla, mjane wa rafiki yake Tarsis.

"Mama Elibariki, jamani, nimewakosea nini?"

"Mheshimiwa, Tarsis aliumwa, akalala ndani karibu mwaka mzima. Nilikupigia simu, nikakutumia na ujumbe. Akisikia gari linasimama nje ananiuliza, ni Twaha huyo? Wewe ukaja siku ya kumuaga. Uliongea vizuri mno, nikatamani angekusikia."

"Lakini si nilikuja?"

"Ulikuja kuzika. Siku hizi mtaa mzima unajua, ukimwona Mheshimiwa mlangoni, ujue ndani kuna maiti. Wagonjwa wetu hawajawahi kukuona."

Twaha alikwenda nyumbani kwa miguu, gari akaliacha pale pale.

Fatuma alikuwa ametangulia. Alimkuta sebuleni kwenye mkeka, ungo mapajani, anachambua mchele kama vile hakuna kilichotokea. Hilo nalo lilimchoma.

"Mama Sophia, wale wengine nimewaelewa. Wewe ni mke wangu. Umenidhalilisha mbele za watu, kwa kosa gani?"

Fatuma aliweka ungo chini. Alichukua mkono wa mumewe, akaupitisha chini ya khanga, akaukandamiza kwenye titi la kushoto, karibu na kwapa. Vidole vya Twaha vikagusa kitu kigumu, kikubwa kuliko kokwa ya tende. Akauchomoa mkono kama aliyeungua.

"Nini hiki? Tangu lini?"

"Tangu kabla ya Ramadhani. Nilikupigia, ukasema uko kwenye kamati, utanipigia baadaye. Nikasubiri. Sophia ndiye anayenipeleka hospitali. Wiki ijayo wananipasua."

"Mbona hukuniambia tena?"

"Kwa sababu ukiambiwa mtu anaumwa huwa huna haraka." Sauti yake haikupanda hata kidogo. "Ile kanzu ya kwenye gari naipiga pasi mimi, Baba Sophia. Juzi naipiga nikasema, hii ataivaa kwangu. Atashika kipaza sauti, mtaa wote utalia, na kura watampa. Nikaogopa. Ndiyo maana nimempa Benedict. Nilitaka nikupate nyumbani ningali napumua."

Twaha akakaa mkekani. Alitaka kumwambia neno, neno lolote la kumpa moyo mtu anayeumwa. Alitafuta, akatafuta. Miaka yote ile ulimi wake ulikuwa umezoea kitu kimoja tu, na alipofungua mdomo ndicho kilichotoka, kwa sauti ile ile nzito ya makaburini:

"Hakika sisi sote ni wa Mwenyezi Mungu, na kwake Yeye..."

Akajisikia mwenyewe, akaziba mdomo kwa viganja vyote viwili.

"Mimi bado nipo, Baba Sophia," Fatuma akasema.