Chaneli ya Mji na Wakwe wa Moba

Kuna siku moja naikumbuka vizuri, mwanangu, na kila nikiikumbuka nacheka peke yangu mpaka mama yako ananiuliza kama nimeanza kuzeeka vibaya. Kwa kuwa Jumatatu unaanza kazi kwenye biro inayowapa vibali watu wa televisheni za waya, nimeona nikusimulie kabla kiti hakijakunogea.

Nilikuwa kijana, mtangazaji wa televisheni yetu ndogo hapa Kalemie. Nilikuwa na koti moja la kusomea habari, na hata jua likiwaka sikulivua barabarani, watu wanijue. Simu zilikuwa chache siku hizo. Mtu wa Moba akitaka kumpasha habari ndugu yake wa huku, alituletea komunike, tukaisoma jioni, mji ukasikia boti inafika lini, nani kafiwa, mbuzi wa nani kapotea.

Sasa Papa Kasongo, aliyekuwa na dishi kubwa na kusambaza waya nyumba kwa nyumba, akatuondoa kwenye waya wake. Mahali petu akaweka chaneli ya filamu. Watu wengi hawakunung'unika. Filamu zilikuwa tamu kweli, na nisikudanganye, hata mimi niliziangalia.

Kilio kikaanzia kwa Mama Feza. Mwanawe wa kiume alikuwa anaoa binti wa Moba, na wakwe walitarajiwa Jumamosi. Safari ya boti ikawahishwa kwa siku moja, wakaona watafika Ijumaa, wakatuma komunike. Nikaisoma. Mama Feza hakuisikia, alikuwa kwenye filamu yake. Wakwe wakashuka bandarini na mizigo na mbuzi, hakuna ngoma, hakuna vigelegele, hakuna hata wa kuwapokea sufuria. Wakaenda kulala kwa jamaa yao, wakasema binti yao haolewi tena na watu wasiojua kupokea wageni.

Kesho yake tukaitwa sote kwa mkuu wa biro ya habari, Papa Mulongo, mzee mcheshi ila kazini hana mchezo. Nilikwenda kifua mbele, nikijua mwenye kosa ni Kasongo.

"Papa, mimi niko mufanya biashara," Kasongo akajitetea. "Watu wanapenda filamu, njo maana wananilipa."

"Waya yako umeifunga kwenye nguzo za nani?" Papa Mulongo akauliza.

"Za mji, Papa."

"Na inapita kwenye barabara ya nani?"

"Ya mji."

"Basi mji nao unaomba chaneli moja tu. Zile zingine zote weka unachotaka."

Nikatabasamu. Mzee akaniona.

"Na wewe, mwenye koti, usicheke! Dada ya Mama Feza anakaa ng'ambo ya mto Lukuga, anapata televisheni yenu kwa antena, hana haja na waya ya Kasongo. Hata yeye hakusikia komunike. Unajua sababu? Ulianza na mimi. Papa Mulongo amefungua choo cha shule, Papa Mulongo amekata utepe, Papa Mulongo amenawa mikono! Mpaka umalize kunisifu, umeme wa kule kwake ulikuwa umekatika. Mutoto, mimi nilikuwa pale. Nilijua kama nimefungua choo. Mama Feza njo hakujua kama wakwe yake wanafika!"

Chumba kizima kikaangua kicheko. Mimi niliona haya hadi masikio yakawaka. Hapohapo mzee akaamua kwamba kila mwenye waya abebe chaneli ya mji, na kwenye chaneli hiyo komunike za watu zisomwe kabla ya habari za wakubwa, yeye mwenyewe akiwemo.

Wakwe walipoelezwa wakalainika, ila mzee wao akatoa sharti: wapokewe upya. Jumapili wakapanda tena ile boti, ikiwa bado imefungwa gatini, wakashuka mara ya pili. Kasongo aliwapokea mbuzi, naye mbuzi akamburuta bandari nzima. Mimi nilisimama mbele nikitangaza kwa sauti yangu yote kwamba wakwe wa Mama Feza kutoka Moba wamefika. Mama Feza akapiga vigelegele, akalia machozi ya furaha, akawakumbatia kana kwamba ndiyo kwanza anawaona.

Mwanangu, wenye waya watakujia na maneno matamu, watakuambia watu wanapenda hiki na kile. Wasikilize, kupenda filamu si dhambi. Lakini uliza pia ni habari gani mtu akiikosa nyumba yake itaharibikiwa, na hiyo usikubali iondolewe. Kisha watakuja wakubwa, watataka nafasi hiyo iwe ya kuwasifu. Wakatalie kwa heshima, wasubiri zamu yao. Siku wewe utakapokuwa mkubwa, nawe usubiri.

Mungu akupe masikio mapana na shingo ngumu kidogo. Kazi ikukubali, na watu wa mji huu walitaje jina lako wakiwa wanacheka kwa furaha. Nenda, mwanangu, baraka zangu zote unazo.