Kandege Kwenye Simu ya Safiya

Safiya hushona sare za shule katika kibanda chake pale Mumbuni. Asubuhi ile alikuwa akipachika kola, simu ameiegemeza kwenye cherehani. Kwenye kioo palikuwa na ramani, na juu ya ramani kandege kadogo ka manjano.

Ndani ya ndege hiyo alikuwemo Faiza, bintiye wa pekee, muuguzi. Vita vilikuwa vimeufikia mji alikofanya kazi, ng'ambo ya mpaka wa kaskazini, na shirika lake likatuma ndege ndogo kuwatoa wafanyakazi wake. Ndege iliyotangulia ilipigwa risasi ikiwa bado inapaa. Faiza aliandika tu, "Mama, tunapanda. Niombee," akamtumia na linki ya kufuatilia safari.

"Kamefika wapi?" aliuliza Mumbua, jirani yake anayeuza mboga hapo mlangoni.

"Kanasonga."

Kisha kakasimama. Safiya alikagusa kwa kidole. Kakapotea, ramani ikabaki tupu.

"Labda ni network," Mumbua akasema. "Si upigie hao watu wa ofisi?"

Alipiga. Mwanamke wa huko Nairobi akamwambia kwamba hata wao hawaioni tena, asubiri.

"Sawa," Safiya akajibu, kama aliyeambiwa vifungo vimeisha dukani. Akarudi kushona. Mumbua alitaka kumkumbatia, akautazama mgongo ule, akaona haukumbatiki.

Safiya hakuomba. Dua alizijua tangu utotoni, lakini maneno hayakuja. Alimaliza kola, akachukua nyingine.

Adhuhuri ilikuwa imepita simu ilipolia.

"Mama, tuko Lokichoggio, tumeshavuka mpaka. Rubani alizima kile kifaa cha kutuonyesha kwenye ramani, tukapita chini chini. Mama, uko?"

"Niko. Umekula?"

"Bado."

"Basi kula."

Aliyelia ni Mumbua, ameketi juu ya gunia la viazi, leso usoni. Mteja alikuja akauliza bei ya sukuma, hakujibiwa, akaenda zake.

Faiza alifika nyumbani kesho yake, akalala na viatu. Safiya alimvua. Akaketi kando ya kitanda akiingoja furaha, kama mtu anayengoja ganzi imtoke mguuni. Furaha haikuja siku hiyo. Binti alipogeuka akasema ana kiu, mama aliinuka, akamletea maji, akamshikia kikombe mpaka yakaisha.