Siku ya Kumfukua Stamatis

Eneo la makaburi la kijiji kile cha Kigiriki, huko Epiro, ni finyu. Maiti akitimiza miaka mitatu hufukuliwa, mifupa yake ikaoshwa kwa divai na kutiwa sandukuni. Mwezi wa Mei zamu ilimfikia Stamatis, na mama yake, Garifalia, alikuja na divai, taulo jipya, na hofu ambayo hakumwambia mtu.

Mifupa ikitoka myeupe, marehemu amepokelewa. Mwili usipooza, watu huanza kuulizana ni nani aliyemlaani. Garifalia hakuwa na haja ya kuuliza. Mwanawe alipouza mizeituni ya marehemu baba yake akanunua pikipiki, alimfuata hadi mlangoni akamfokea, "Uzikwe usioze!" Akina mama wa huko huwatupia watoto wao laana hiyo hata kwa supu iliyomwagika. Lakini siku ya nne pikipiki ikamuua Stamatis, na tangu hapo mwanamke yule hakujua usingizi mzuri ni nini. Hata kwa padri hakuthubutu kuliungama neno lile.

"Sogea kidogo, Bibi Garifalia," alisema Argyris, mchimba kaburi. "Huyu tunamjua, kumwamsha asubuhi ni kazi."

"Chimba wewe, acha domo!"

Argyris akachimba, akafungua jeneza, utani ukamwisha. Suti ilikuwa bado suti, na ndani yake Stamatis alikuwa bado Stamatis.

"Ni huu udongo wa mfinyanzi, mama, unashika maji," padri aliharakisha kusema. "Tumfunike, tumpe miaka miwili mingine."

Wanawake wa kijiji waliokuja kushuhudia walipiga ishara ya msalaba.

"Si mkewe huyo!" mmoja akasema, wala hakujali kusikika. "Tangu aje hapa na maringo yake ya Athene! Nani mwingine wa kumlaani?"

Myrto, mjane wa Stamatis, alikuwa peke yake karibu na lango. Alisikia kila neno, akainamisha kichwa. Garifalia alimtazama. Angeweza kunyamaza, na Mungu anajua alitamani kunyamaza.

"Mwacheni," akasema. "Ni mimi. Nilimwambia azikwe asioze. Mimi, mama yake mzazi."

Akapiga magoti ukingoni mwa kaburi, akainama mpaka padri akamshika bega asije akatumbukia.

"Nimekusamehe, mwanangu, unasikia? Mizeituni si kitu. Oza, baba. Nakuomba, oza."