Karanga Iliyokuwa Shangazi

Nilipokuwa mtoto, kuku alimla shangazi yangu, na kosa lilikuwa langu. Nilikuwa na miaka saba. Shangazi mwenyewe alikuwa kisimani wakati huo, akiteka maji, na hakuna aliyemwambia.

Ili jambo hili lieleweke, lazima nianze na marufuku ya Bibi. Kwetu Kigwa watu hawakuhesabiwa. Ungeweza kuhesabu majembe, vikapu vya mihogo, hata siku zilizobaki kabla ya mvua. Watu, hapana. Bibi alisema ukiwahesabu watu wa nyumba, mmoja atapungua. Hakusema atakufa. Alisema atapungua, na mimi niliona hilo ni baya zaidi, kwa sababu sikujua mtu anapunguaje. Nilidhani anaanzia miguuni.

Bibi alikuwa amebatizwa kwa Wamoravian na nyimbo za kanisani alizijua zote kwa kichwa, lakini marufuku hii hakuwahi kuipeleka kanisani na hakuona sababu ya kuipeleka. Ushahidi wake ulikuwa baba yake mzazi. Alikuwa mpagazi, akibeba pembe za ndovu kwenda pwani kwa njia ya misafara iliyopita nyuma ya shamba letu.

"Kila asubuhi mnyapara aliwahesabu," Bibi alisema. "Na kila asubuhi walikuwa pungufu."

Kaka yangu Mihayo, aliyekuwa na miaka kumi na moja na maswali mengi kuliko yaliyohitajika nyumbani, alimwuliza kama haikuwa kwamba walipungua kwanza, kwa homa na kutoroka, ndipo mnyapara akawahesabu.

Bibi alimtazama. "Wewe ulikuwepo?"

"Hapana, Bibi."

"Basi nyamaza."

Mwalimu wetu wa darasa la kwanza katika shule ya misheni, Mwalimu Yeremia, alikuwa mzaliwa wa pale pale na aliwajua bibi zetu wote. Alipofika kwenye somo la hesabu za nyumbani, siku ya Ijumaa, alitwambia kila mmoja achukue punje moja ya karanga kwa kila mtu anayelala kwao, azilete Jumatatu. Mtoto mmoja akanyoosha mkono, akasema bibi yake atampiga.

"Kwani nimesema mhesabu watu?" Mwalimu aliuliza.

"Hapana, Mwalimu."

"Mtahesabu nini?"

"Karanga."

"Bibi zenu wana neno na karanga?"

Hawakuwa na neno. Katika nchi ya Wanyamwezi karanga ni kitu unachokula huku unafikiri mambo mengine.

Jioni ile niliketi uani na ungo. Mwalimu alitaka punje saba. Mimi nilitaka watu saba, na hapo ndipo tulipoachana. Nilitafuta punje nene, ikawa Baba. Iliyobambuka ngozi kidogo ikawa Mama, kwa sababu wiki ile alikuwa ameungua mkono. Iliyokunjamana ikawa Bibi. Mdogo wetu, ambaye alikuwa hajaanza kutembea, nilimpa nusu punje. Mihayo nilimpa yenye tundu la mdudu. Mimi nilikuwa nzuri kuliko zote. Shangazi Nyamizi, dada yake Baba, alikuwa ndefu na nyekundu, na nilimweka karibu nami kwa sababu ndiye aliyekuwa akinisuka nywele.

Nilipomaliza kuwapanga, sikuona tena karanga. Nilimsogeza Mihayo mbali na Bibi wasije wakagombana.

Bibi akapita. "Unafanya nini?"

"Nahesabu karanga, Bibi."

"Za kupanda au za kula?"

"Za shule."

Akatikisa kichwa, akaenda zake. Alisema baadaye kwamba hakutegemea Wazungu waje kumfundisha mjukuu wake karanga.

Mama akaniita nimshike mtoto. Sikukawia. Niliporudi, kuku wa madoa alikuwa juu ya ungo. Nilimfukuza, nikahesabu. Sita. Sikuhitaji kutafuta ni nani. Nafasi iliyo kando yangu ilikuwa tupu.

Usiku huo Shangazi hakula. Mama alikuwa amepika michembe, viazi vikavu, na kuviunga kwa karanga, chakula ambacho kwa kawaida Shangazi alikigombania na sisi watoto. Aliokota kipande kimoja, akakirudisha. Mama akamtupia jicho Baba, Baba akatazama sahani yake.

Watu wazima walijua sababu. Jumapili walikuwa wanakuja wageni kutoka Puge, kumposa Shangazi kwa niaba ya kijana wao aliyefanya kazi katika genge la reli pale Kigwa. Shangazi alimtaka yule kijana. Alikuwa na miaka ishirini na minne, na kwetu, miaka ile, umri huo ulikuwa unazungumzwa. Mchumba wake wa kwanza alikwenda Tanga kukata mkonge, akaoa huko huko. Mama alikuwa amesema, bila kumsema mtu, kwamba wa tatu hatakuwepo. Haya yote sisi watoto hatukuambiwa. Mimi nilikuwa na habari zangu tu, na kwa bahati mbaya zilikubaliana zote: nilihesabu, kuku akala, Shangazi hana hamu ya chakula.

Nilimwendea Mihayo kama mtu anavyomwendea mtaalamu.

"Kitu alichokula kuku kinakwenda wapi?"

"Kinakuwa kuku."

"Chote?"

"Kingine kinatoka."

"Baada ya muda gani?"

"Unataka kumngojea?" Mihayo alisema, akicheka.

Ndivyo nilivyofanya. Jumamosi nzima nilitembea nyuma ya kuku yule nikiwa na kijiti cha kuchokolea. Aliponikimbia nilikimbia. Alipopumzika kivulini nilichuchumaa. Sitaeleza nilichochunguza, ila sikuona chochote kilichofanana na Shangazi. Nikahitimisha kwamba bado yumo ndani. Hitimisho la pili lilifuata lenyewe: kuku akiwa hai, Shangazi atakuwa hai, ingawa bila hamu ya kula. Kuku akifa, basi. Jioni nilimtazama Shangazi miguu. Niliona imeanza kuwa myembamba.

Wageni walifika Jumapili baada ya ibada, wawili, kwa baiskeli. Mmoja alikuwa mjomba wake kijana, mtu mkubwa asiyesema sana. Mwingine alikuwa mshenga, mdogo wa mwili, ambaye alisema kwa niaba ya wote wawili. Tuliwaamkia shikamoo, wakaitika marahaba, wakapewa viti na maji ya kunywa. Kisha Bibi akaingia jikoni, akamwambia Mihayo kwa sauti ya chini, "Mkamate yule wa madoa."

Hapakuwa na mwingine. Mwaka ule ugonjwa wa mdondo ulikuwa umepita kijijini na kutuachia kuku wawili, na wa pili alikuwa analalia mayai. Wageni wa posa huwezi kuwawekea ugali kwa nsansa, yale majani makavu ya kunde tuliyokula wenyewe kila siku. Ukifanya hivyo umewaambia warudi kwao, na wao watakuwa wameelewa.

Mimi nilijua kuku alipokuwa, kwa sababu nilikuwa nimemfuata siku mbili. Nilifika kabla ya Mihayo. Nyuma ya jiko kulikuwa na mzinga wa nyuki wa gome la mti, mtupu, ambao Baba alikuwa hajaupeleka porini kuutundika. Nilimsukumia ndani, nikafunga mdomo wa mzinga kwa kifuniko chake, nikakaa nimeuegemea kwa mgongo.

Mihayo alizunguka nyumba mara tatu. Alitazama chini ya kitanda cha Bibi, kwenye ghala, hata juu ya paa. Upande wa pili wa ukuta niliwasikia wageni.

"Baba Mihayo," mshenga alisema, "nyumba yako ina utulivu. Hata kuku simsikii."

"Wapo, wapo," Baba alisema.

"Kwetu Puge, mgeni akitokea njiani, kuku ndiye wa kwanza kujua, maskini."

Yule mjomba akasema kwa mara ya kwanza tangu afike. "Labda kuku wa Kigwa nao wamekwenda Tanga."

Baba alicheka peke yake. Kisha nikasikia kiti kikisogezwa.

Shangazi alitokea jikoni, akapita kasi, akarudi. Alikuwa amevaa kitenge kipya. Aliniona, akauona mzinga, akasikia mkwaruzo ndani yake.

"Kalunde. Ondoka hapo."

"Siwezi, Shangazi."

"Huwezi kwa nini?"

"Akichinjwa utakufa."

"Nani akichinjwa?"

"Kuku. Wewe umo humu."

Alichuchumaa. Nilimweleza yote, Mwalimu, ungo, nafasi tupu. Nilieleza kwa mpangilio mzuri, kwa kuwa nilikuwa nimeyafikiria kwa siku mbili. Alisikiliza huku akitazama njia, ambako baiskeli za wageni zilionekana zimeegemezwa.

"Lakini mimi niko hapa," alisema. "Nishike mkono."

Nilimshika. "Huyu ni aliyebaki," nikamwambia. "Ndiyo maana huli."

Nilimwona akitaka kucheka, halafu akitaka kunizaba kofi. Hakufanya lolote kati ya hayo mawili. Aliniuliza, haraka haraka, kama mtu anayeuliza njia:

"Ile karanga, nani aliichagua iwe mimi?"

"Mimi."

"Nani alikwambia?"

"Hakuna."

"Basi chagua nyingine."

Nilikuwa nimetafuta njia zote za kumtoa Shangazi ndani ya kuku, na sikuwa nimefikiri ni nani aliyemtia mle. Ilikuwa kama kuambiwa kwamba mlango niliokuwa nikiusukuma tangu juzi unavutwa. Nilikuwa na karanga nyingine, za kutafuna, kwenye pindo la gauni. Nilichagua moja ndefu, nyekundu, nikampa. Nilipoitazama mkononi mwake, ilikuwa Shangazi tena, bila shida yoyote.

"Na yule wa kwanza?" nikauliza.

"Amekwisha kuwa kuku," Shangazi alisema. Akaitia ile karanga mdomoni, akatafuna, akameza.

Alikuwa amejila mbele ya macho yangu. Nilingoja. Mshenga alikohoa upande wa pili.

"Nimepungua?"

Nilimtazama miguu, kisha uso, kisha miguu tena. "Hapana."

"Basi toka hapo tupike."

Kuku alitoka ndani ya mzinga akilalamika, na hakulalamika kwa muda mrefu. Alipokuwa anachinjwa sikumtazama yeye. Nilimtazama Shangazi, aliyekuwa akipuliza moto na moshi ukimwingia machoni, mzima kuanzia kichwani. Alimwambia Mihayo aipasue firigisi nikiona. Ndani mlikuwa na mahindi, mchanga na kipande cha kigae. Mihayo, ambaye kufikia hapo alikuwa ameambiwa kila kitu, aliinamia firigisi ile, akaita polepole, "Shangazi? Shangazi, umo?" Alipigwa mwiko.

Firigisi alipewa mjomba, kama ilivyo desturi. Mama anasema ndiyo iliyomfungua mdomo. Walipoondoka jioni ile walikuwa wametaja siku ya kurudi.

Jumatatu nilipeleka punje zangu saba, ya Shangazi nikiwa nimeichagua upya. Mwalimu Yeremia alipita akizikagua za kila mmoja, akasema "vizuri" mbele ya zangu, kisha akazikusanya za darasa zima katika kofia yake. Wakati wa mapumziko aliketi barazani na kuzila. Nilisimama nikimtazama akitafuna karibu nusu ya Kigwa, na sikusikia hofu yoyote. Mtoto aliyeogopa kupigwa na bibi yake alianza kulia. Nilimwambia ni karanga. Alisema anajua kuwa ni karanga, lakini mle mna mama yake. Nilimwelewa kabisa, na pia nilijua kwamba mimi siko tena huko aliko.

Shangazi aliolewa baada ya mavuno. Mume wake alihamishiwa Tabora mjini, wakapanga chumba Isevya. Siku waliyopanda treni sote tulikwenda stesheni. Bibi alikuwa amekwisha kuambiwa habari za ungo, na alikuwa akiungoja wakati wake. Treni ilipoondoka akanigeukia.

"Mlihesabu," alisema. "Mmoja amepungua."

"Hakufa, Bibi. Ameolewa."

"Mimi nilisema atakufa?"

Hakuwa amesema. Nyumbani tulikuwa sita, na aliyekosekana alikuwa yule yule.

Miaka mingi baadaye, Shangazi akiwa mjane na mimi nikiwa na mvi zangu, nilimtembelea Isevya nikamwuliza kuhusu siku ile. Nilitaka kujua alipata wapi akili ya kuila karanga ile, badala ya kubishana nami au kunipiga. Kwa miaka yote hiyo nilikuwa nimeliona tendo lile kama somo lililopangwa, na nilikuwa nimewasimulia watu hivyo.

"Nilikuwa na njaa," alisema. "Siku ya tatu sijatia kitu tumboni. Wewe ukanipa karanga."

"Na lile swali? Nani aliichagua?"

"Swali gani?"

Hakulikumbuka. Mimi nimeishi nalo. Nikiambiwa kwamba jambo fulani ndilo alama ya jambo fulani, kwamba watu wa namna hii ni wa namna ile, huwa nauliza nani aliyechagua, na mara nyingi nimeonekana mkorofi kwa kuuliza. Nilidhani nilifundishwa. Kumbe siku ile uani hapakuwa na mwalimu, palikuwa na mwanamke mwenye njaa na wageni sebuleni, anayetaka mtoto aondoke kwenye mzinga. Alilitupa swali lile kama unavyotupa jiwe kumfukuza mbuzi. Yeye aliendelea na safari yake, akaolewa. Mimi nilibaki pale pale nimeliokota, nikiligeuzageuza.